Ushahidi wa Ami Nevruz

Kama kuna kazi ya laana hapa Albania, ni hii yangu ya kuwakimbilia wazee na kamera kabla hawajazikwa na yote waliyotendwa. Serikali ya kikomunisti iliyowafunga ilianguka zamani, lakini wengine bado wananong'ona mpaka jikoni kwao. Inaniudhi, sisemi uongo.

Ami Nevruz alinikatalia kurekodiwa miaka nenda miaka rudi. Enzi zile walimtesa gerezani, wakamnyima usingizi usiku na mchana, mpaka akamtaja rafiki yake, Pandeli, kuwa kiongozi wa njama ya kutorokea Ugiriki. Njama yenyewe haikuwapo! Pandeli akapigwa risasi, mkewe na binti yao Filloreta wakahamishiwa kwa nguvu kwenye kambi ya matope kule Lushnjë. Filloreta sasa ana mvi. Anachotaka ni kimoja tu: Nevruz, shahidi pekee aliyebaki, aseme watu wasikie kwamba baba yake hakufanya kitu.

Juzi mzee mwenyewe akanipigia simu. "Valbona, mlete mtoto wa Pandeli. Nitasema yote. Akili imeanza kunikimbia."

Tulifika mbio. Alitupokea kwa kahawa na raki, ile pombe yetu kali, na utani wake palepale.

"Wewe Valbona, na hilo jicho la kamera, mume bado tu hujamwona?"

"Wananiona wao kwanza, ami, wanatimua mbio."

Filloreta alicheka mpaka akafuta machozi. Nikawasha taa, nikawasha kamera. Mzee akasimulia vizuri ajabu: jinsi Pandeli alivyokuwa mwizi kwenye mchezo wa karata, jinsi alivyoimba vibaya harusini bila aibu. Nikajua leo tumepata.

Ndipo nikauliza, "Na mahakamani, ami, ilikuwaje?"

Akasimama. Mikono ikanyooka ubavuni, kidevu juu, macho kwenye taa yangu.

"Mimi, Nevruz Meçani, nakiri mbele ya wananchi. Pandeli ndiye aliyetuongoza. Ni adui wa watu, anastahili adhabu."

Ndiyo maneno waliyomkaririsha gerezani, kwa kipigo, ayaseme mbele ya hakimu. Mengine yote yalikuwa yakimtoka kichwani, hayo yamebaki.

"Hapana, ami! Hayo walikulazimisha. Sema ilivyokuwa kweli!"

Akaanza upya, kwa sauti kubwa zaidi. "Mimi, Nevruz Meçani, nakiri..."

Nilimbembeleza. Nilimfokea, Mungu anisamehe. Nilimtajia karata, harusi, hata marehemu mke wake mwenyewe. Kila mara alirudi mwanzoni, na kila mara Pandeli alikuwa adui. Filloreta alikaa na kikombe mkononi, hanywi, hakiweki chini. Nilitamani kuirusha kamera dirishani. Ungefanya nini wewe? Waliomfundisha walishakufa vitandani mwao, hata wa kumtukana sina.

Nikazima taa. Mzee akamgeukia Filloreta. Hakumjua tena.

"Mkuu, leo sijakosea hata neno moja," akasema. "Mtaniruhusu nilale sasa? Hata kidogo tu?"

Filloreta akaweka kikombe chini, akamshika mzee mkono, akamketisha taratibu.

"Hujakosea," akamwambia. "Lala, ami."