Maua ya Mwenyekiti Ombui

Wanaopita barabara ya Keroka siku hizi wakaiona ile bustani ya pembeni mwa mji, watu wamelala chali kwenye nyasi, hudhani ilikuwa hivyo tangu zamani. Wapi! Iliponea chupuchupu, na aliyetaka kuimeza bado namkumbuka, jina lake na viatu alivyovaa.

Tulipewa mwaka wa sitini na nne. Kabla ya hapo wazungu wa ofisini walichezea tenisi pale, na sisi tulichungulia kwenye seng'enge. Bendera ilipobadilika tukaambiwa: ni yenu, ya umma. Siku hiyo hiyo Mama Drusilla, mjane, alishika kona ya chini, akainjika chungu cha uji. Waliongoja malori wakawa wanakunywa kwake. Shamba hakuwa nalo. La mumewe mashemeji walishaligawana kabla matanga hayajaisha.

Mwaka wa sitini na saba Abner Ombui akawa mwenyekiti wa kamati ya bustani. Mzee wa kanisa, Msabato wa kufunga vifungo hadi kooni. Akatangaza kwamba atapamba bustani kwa maua. Miche ikaja, ikapandwa mstari kwa mstari. Tukangoja maua. Mwaka wa kwanza, majani. Wa pili, majani. Wa tatu yakawa yamekatwa juu bapa kama meza, na kila wiki mbili Bochaberi, mkewe Ombui, anakuja na kikapu mgongoni eti kuyapunguza. Anapunguza majani mawili na chipukizi. Majani mawili na chipukizi! Nani huku kwetu asiyejua hiyo ni kazi gani?

Nikasimama mkutanoni. "Bwana Mwenyekiti, ile ni chai."

"Ndugu Nyasani," akanijibu kwa upole wa kanisani, "mimi ni Msabato. Chai haijapita mdomoni mwangu tangu nibatizwe. Nitaipandia nini?"

Watu wakampigia makofi. Kweli hainywi. Kwani huku chai hupandwa inywewe? Hupandwa ipandishwe lori la kiwanda!

Mwaka wa sabini mistari ikafika kwenye kona ya Mama Drusilla. Akaletewa barua: wiki mbili aondoe chungu, maua yanapanuliwa.

"Nyasani, hizo kelele zako za miaka yote zimenisaidia nini?" akaniuliza. "Nikainjike uji katikati ya barabara?"

Nikaenda kununua sukari kwa Ahmednoor, aliyefungia bidhaa kwa makaratasi yaliyotupwa na maofisi. Shule yangu ni darasa la tatu. Mengine yote nimeyasoma kwenye karatasi za sukari. Nikamimina sukari koponi, nikasoma: Sheria za Bustani. Atakayechuma ua lolote atalima bustani siku saba. Sahihi: A. Ombui. Nikacheka peke yangu mpaka jirani akagonga ukuta.

Jumatano Bochaberi akaja na kikapu. Mimi nikaja na ile karatasi mkononi, pamoja na Ondieki, askari wa bustani, mtu mzima aliyezaliwa katikati ya majani chai kule Gesima.

"Mama, unachuma nini?" Ondieki akauliza.

"Kwani huna macho?"

"Ninayo, mama, na ndiyo yananitatiza. Kama ni maua, nakushika wewe. Kama ni chai, namshika mzee aliyeilima kwenye ardhi ya umma."

Ombui akaitwa, akaja anahema. Watu wa malori walishajaa, vikombe vya uji mkononi.

"Sema basi, mzee," Drusilla akamwambia. "Ni maua ama ni chai?"

"Ni... mimea."

"Hata sukuma wiki ni mimea!"

Bochaberi akateremsha kikapu. "Baba Jethro," akamwita mumewe kwa jina la kifungua mimba wao, "miaka hii yote mgongo wangu ndio umebeba hiki kikapu. Waambie watu nimechuma nini."

Ombui akatazama watu. Akatazama ile karatasi yenye sahihi yake. Akafuta jasho.

"Maua," akasema.

Watu wakaangua kicheko, mmoja akamwaga uji. Bochaberi hakucheka. Alimtazama mumewe kama mtu anavyomtazama ng'ombe aliyepiga teke ndoo ya maziwa ikiwa imejaa.

"Ondieki," akasema, "nitafutie jembe."

Kesho yake akaanza siku zake saba za kulima, tena akaanzia kona ya Drusilla. Alichimbua shina, akalishika kwa mikono miwili, akaling'oa na mizizi yake, akalitupa kando. Jumamosi akapumzika, maana naye ni Msabato. Jumapili alikuwa mstari wa nane Ombui alipofika, tai imepinda.

"Mama Jethro! Unang'oa maua!"

"Sheria yako imekataza kuchuma," akajibu bila kuinua kichwa. "Kung'oa haikutaja. Ama tumuulize Ondieki?"

Ondieki alikuwa anakagua kofia yake kwa makini sana.

Bochaberi alipomaliza siku zake saba, hakuna shina lililokuwa limesimama. Ombui angemshtaki nani, na kwa kung'oa nini? Barua ilisema Drusilla apishe maua. Maua hayapo, chungu kipo pale pale kinachemka. Bochaberi akaketi kwenye gogo, akavua viatu, na Drusilla akamjazia kikombe mpaka ukingoni.

"Na mimi je?" nikauliza. "Nani alileta ile karatasi?"

"Wewe panga foleni," akasema Drusilla. "Na usianze hotuba, watu wanakunywa."