Sisimizi Wenye Makalio

Bomba la shule yetu lilikuwa limepasuka tangu Pasaka, na watoto walikuwa wakipanda kilima na ndoo za maji kutoka mtoni, huku wazazi wakibishana limepita shamba la nani na nani alitengeneze. Ulikuwa mwaka wangu wa kwanza wa ualimu hapa Santander, nami niliamini kwamba mtu akionyeshwa mfano mwema ataufuata. Nikawaita wazazi, nikawaonyesha kichuguu nyuma ya darasa.

"Watazameni sisimizi! Huyu anakata jani, yule anabeba. Nani kati yao anauliza bomba limepita shamba la nani?"

Wote wakasimama kuchungulia dirishani. Moyo wangu ukajaa furaha.

"Mwalimu," akasema Doña Hermencia mwenye duka, "mvua imekatika na jua limewaka."

"Naam! Hata juani wanafanya kazi!"

"Siyo hivyo, mwanangu. Leo wanatoka wenye makalio, wale wa kula!"

Darasa likabaki tupu. Kichuguuni malkia walikuwa wakijitokeza na mabawa yao, kila mmoja na makalio ya mviringo kama njegere, na wazazi wakawavamia kwa kofia, mifuko, hata viatu.

"Belisario, toa mguu, hilo shimo langu!"

"Lako? Kwani uliwazaa wewe?"

"Na wewe Hermencia, makalio unayo ya kutosha, tuachie sisi!"

Sisimizi askari wakamwingia Don Belisario kwenye suruali, akacheza ngoma asiyoijua. Mimi nilisimama mlangoni, machozi karibu.

Doña Hermencia akaja na ndoo iliyojaa malkia. "Mwalimu, maji ya kuwaloweka na chumvi, haraka, kabla ya kukaanga."

"Bomba limepasuka, Doña. Labda mtoni. Watoto huenda kila asubuhi."

Akatazama kilima. Akatazama ndoo, ambamo malkia walikuwa wakipanda ukingoni.

"Wanatoroka! Nani ana koleo? Tulifukue hilo bomba!"

Mmoja akachimba, mwingine akashika. Don Belisario akakimbilia kwake akarudi na kipande cha bomba, kilekile alichoapa mwezi uliopita kwamba hana. Hakuna aliyeuliza shamba la nani. Jua lilikuwa bado juu maji yalipotoka, na watoto wakayachezea kwa kelele.

Nikapanda juu ya benchi. "Ndugu zangu, mmeona? Kama sisimizi—"

Doña Hermencia akanitia mdomoni sisimizi mmoja wa moto, aliyekwisha kukaangwa. "Kula kwanza, mwanangu."

Nikautafuna mfano wangu. Ulikuwa mtamu, nikaomba mwingine.