Nuru ya Shamba la Mama Evance

Devotha alipokelewa katika Shule ya Nuru ya Lukwele mwaka uleule baba yake alipopofuka. Mzee Tomasi alikuwa amekata miwa Turiani tangu ujana wake, na presha ya macho ilimla polepole kama mchwa wanavyokula nguzo, hadi asubuhi moja akamuuliza bintiye mbona hakujakucha. Madaktari walisema wamefika mwisho wao. Devotha, binti wa miaka kumi na tisa, akafungasha nguo zake akapanda milima ya Uluguru.

Shule ilikuwa juu ya Bigwa, pale bodaboda zinapogeuzia na njia ya miguu kuanza: madarasa machache ya matofali, bweni, na nyuma yake mwamba mpana mweupe. Huko watu walijifunza kuchota nuru. Aliyefundishwa aliweka viganja juu ya kitu kilichopigwa na jua, akavuta taratibu, nuru ikaja mkononi laini kama unga uliolowa, akaifinyanga donge. Donge la nuru lilikuwa na uvuguvugu wa yai lililotoka kutagwa. Wengine walijifunza kuwashia taa, wengine kukaushia mahindi wakati wa masika. Waliofika mbali zaidi walitibu macho, na kwa kazi hiyo kilihitajika chungu kizima cha nuru.

Mwalimu Paskalia, mkuu wa shule, mwanamke mrefu asiyependa maneno mengi, alikuwa na sharti moja. "Chota pasipoota kitu," aliwaambia wanafunzi. "Mwamba, bati, barabara. Kinachoota kina njaa yake."

Lakini nuru ya mwamba ilikuwa kavu. Devotha alijaza viganja mchana, na kufikia jioni nusu yake imeshapukutika. Siku moja, akirudi kuteka maji, alilipapasa jani la haragwe kwenye shamba la ng'ambo ya kijito, na nuru ikamjia yenyewe, nzito kama asali. Alisimama. Akatazama huku na huku, hakuona mtu. Akachota.

Tangu hapo alivuka kijito kila asubuhi kabla ya kengele. Alijiambia majani ni mengi, hayawezi kuhisi. Chungu chake uvunguni mwa kitanda kikaanza kujaa.

"Baba, vumilia kidogo," alimwambia mzee kwenye simu. "Karibu nitakuita."

"Usijiumize, mwanangu. Mimi giza nimeshalizoea."

Maneno hayo ndiyo yaliyomfanya azidi kuchota.

Mvua zilipokolea, Mama Evance alipanda shuleni akiwa na mche wa haragwe kwenye kanga. Alikuwa mwenye shamba lile, Mluguru wa hapohapo mlimani, na shamba alilirithi upande wa mama yake. Mche ulikuwa mweupe kama mtoto aliyeishiwa damu kwa malaria.

"Mwalimu, nimeweka samadi, nimeweka mbolea ya dukani," alisema. "Bwana shamba amekuja, haoni ugonjwa. Kabichi nazo zinasinyaa. Nimekuja kwenu, labda ni jua limenikasirikia."

Mwalimu Paskalia aliugeuza ule mche mkononi kwa muda mrefu. Kisha akasema, "Devotha, nenda na mama ukaangalie."

Devotha hakujua kama mwalimu alikuwa anajua. Aliteremka nyuma ya Mama Evance. Kabla ya shamba, Mama Evance alimkaribisha jikoni akampa ndizi zilizopikwa.

"Kula kwanza, mwanangu. Shuleni mnakula nini? Umekonda."

Alikula haraka, akanawa.

Walipofika shambani, mawingu yalifunguka kidogo. Devotha alipita katikati ya matuta, na maharage yakageuka. Taratibu, shina baada ya shina, yaliliacha jua yakainamia viganja vyake, kama vifaranga vinavyomfuata mwenye mtama. Mama Evance aliona. Akayatazama mashina, akaitazama mikono ya yule binti.

"Ni mimi, mama," Devotha alisema. "Nimekuwa nachota hapa kila asubuhi. Baba yangu haoni. Nisamehe."

Mama Evance alikaa kwenye ukingo wa tuta.

"Mimi nina watoto watatu wanaosoma kwa maharage haya," alisema, na sauti yake ilikuwa kali. "Unapita nje ya mlango wangu kila siku. Ungeniomba! Ulijuaje kwamba ningekunyima?"

Devotha alikimbia hadi bwenini, akatoa chungu uvunguni, akakikumbatia njia nzima hadi shambani. Alikuwa amebakiza kidogo tu kijae. Aliinama kwenye tuta la kwanza, akafungua kifuniko, akaanza kupaka nuru jani kwa jani, huku machozi yakimtoka, kwa sababu kila donge alilolitoa lilikuwa jicho la baba yake. Aliendelea hadi chungu kikabaki kitupu. Baadhi ya miche iliinua vichwa. Mingi ilikuwa imeshakufa.

Mwalimu Paskalia alimkuta hapohapo. "Kanuni ya shule unaijua," alisema. "Aliyechota panapoota anaondoka."

"Akiondoka nani atapanda upya?" Mama Evance alidakia. "Mwache. Kila akitoka darasani aje huku na jembe. Akitoroka, mfukuze."

Devotha hakutoroka. Masika yote alilima, akapanda, akapalilia, mikono ikaota sugu. Mwanzoni Mama Evance alimsemesha kwa maagizo tu. Baadaye wakaanza kuzungumza: kuhusu Turiani, kuhusu mzee Tomasi alivyoweza kumtambua ndege kwa sauti yake. Jioni moja wakichambua mbegu, Mama Evance akamwita mwalimu aliyekuwa anapita njiani.

"Mwalimu, nuru ikiibwa mmea unakufa. Na nuru ikitolewa na mwenyewe?"

Mwalimu Paskalia alifikiri. "Sijui," alisema. "Hakuna aliyewahi kuomba."

Basi Devotha akaomba. Alipita nyumba kwa nyumba, akipiga hodi, akieleza habari za baba yake na kosa lake pia, bila kuficha. Wapo waliomfungia mlango. Lakini Abdulatif fundi seremala alimpa nuru iliyoangukia milango yake mipya. Bibi mmoja alimpa ya kwenye mkeka wa mihogo yake. Mama Evance alimpa ya uani kwake, ile ya mchana, mimea ikishashiba. Nuru hiyo ya kuombwa haikuwa nzito kama asali, lakini haikupukutika kama ile ya mwamba. Kila asubuhi Devotha alifunua chungu akaikuta palepale.

Mzee Tomasi aliletwa wakati wa kipupwe. Walimketisha nje ya nyumba ya Mama Evance, Mwalimu Paskalia akasimama kando, na Devotha akaweka nuru juu ya kope za baba yake hadi chungu kikaisha.

Mzee alifumbua macho.

"Baba?"

"Kuna kitu cha kijani," alisema. "Kingi. Mbele kule."

"Ni kabichi, baba."

"Zote hizo?" Akageuka upande wa sauti, akamtazama binti yake kwa jicho la kulia, la kushoto lilibaki na giza lake. Akamshika shavu. "Umekuwa mtu mzima," alisema. "Na umekuwa mweusi kwa jua."

Mama Evance aliingia ndani akajifanya anatafuta sufuria, akajifuta macho kwa kanga. Alipotoka, mzee Tomasi alikuwa amesimama. Devotha alitaka kumshika mkono, lakini alikataa.

"Niacheni kidogo," alisema. Akashuka peke yake katikati ya matuta, polepole, akikwepa kila kabichi.