Dirisha la Mbao Igoma

Siku ile mjinga nilikuwa mimi, tena mjinga mwenye miwani ya jua.

Nilikuwa narekodi filamu fupi isiyo na maneno: mtu anatumwa dirisha hili, anarudishwa lile, mpaka anazeekea kwenye benchi. Nikakodi chumba cha duka Igoma, nikagonga mbao, nikatoboa dirisha. Nyuma yake nikamkalisha Adongo, fundi cherehani wa jirani.

"Usimtazame mtu," nikamwambia. "Wewe kula karanga tu."

Kumbe mtaa wa nyuma palikuwa na uhakiki wa wastaafu, na ilikuwa siku ya mwisho. Kila mstaafu afike mwenyewe aonekane yu hai. Asiyefika, pensheni inasimama. Mzee Otuoma, aliyekuwa akiendesha kivuko cha Busisi kabla ya daraja, akaona benchi, dirisha, na mwanamke anatafuna karanga bila kuinua macho. Akakaa.

Mimi nikashangilia. Uso ule! Jasho lile! Nikamrekodi kutwa, nikidhani Adongo ndiye aliyeniletea msanii wa bure. Jioni dirisha lilipofungwa, mzee akapiga mbao kwa kiganja: "Mama, na mimi je?" Nikapiga makofi.

Adongo aliposema hamjui, nikamuuliza mzee mwenyewe, ndipo nikajua. Kesho yake nikampeleka mwenyewe ofisini. Afisa akabofya kompyuta. Hakuonekana jana, kwa hiyo ameshawekwa kwenye orodha ya marehemu.

"Si huyu hapa, kaka?"

"Huyu ni wa leo. Mimi namtaka wa jana."

"Wa jana ninaye!" Nikamwonyesha video.

Akaitazama yote, akacheka pale kwenye karanga. Kisha akatoa simu yake. "Humu mama yangu anacheza muziki, na tulishamzika. Naye nimhakiki?"

"Basi akate rufaa."

"Marehemu hakati rufaa. Alete mrithi."

Tukatoka. Mzee akakaa kwenye ngazi, akaanza kuniuliza dawa za sukari za mkewe atazinunua kwa pesa gani. Nikapandisha sauti.

"Lakini mzee wangu, kutwa nzima! Hukuuliza hata mtu mmoja kama ile ni ofisi?"

"Nilikuuliza wewe," akasema. "Ukanijibu bila kunitazama, 'Kaa hapohapo, subiri.' Sasa kama hiyo si ofisi, ni nini?"