Mbuzi Aliyerudishwa na Rahab

Mama mwenye binti, sogea karibu, habari hii ni yako.

Rahab wa Bondeni alipookoka aliacha ugoro, akaacha na mila. Gachanja, karani wa benki mjini Nakuru, alipoleta mbuzi wa ngurario, yule anayechinjwa ili ndoa ikamilike, Rahab alimrudisha. "Binti yangu si wa kuliwa nyama. Mchukue Wangui bure, Bwana asifiwe." Harusi ya kanisa nayo ikangoja, maana ilikuwa wakati wa hali ya hatari na mikutano imekatazwa. Mchungaji akawaombea sebuleni, wakaanza maisha, wakapata mtoto.

Kichomi kikamchukua Gachanja. Benki ikasema pensheni ni ya mke wake. Ndipo Kang'ethe, ndugu wa marehemu, ambaye hata hospitali hakufika, akasema hapo hapana mke. Korti ya wazee ikampa Wangui haki. Kang'ethe akakata rufaa.

"Akate hata mti," Rahab aliwaambia wanawake wa sokoni. "Nitakwenda kusema ukweli mimi mwenyewe."

Akaenda kortini, kitambaa cheupe kichwani. Kang'ethe akasimama kumuuliza.

"Mama, wewe ni mtu wa Mungu. Husemi uongo."

"Sisemi."

"Yule mbuzi wa ngurario alichinjwa?"

Rahab akainua kidevu. Ushuhuda huo alishautoa kanisani mara nyingi, watu wakampigia makofi. "Hakuchinjwa. Nilimrudisha kwa mkono wangu."

"Na cheti cha kanisa?"

"Mchungaji aliwaombea."

"Asante, mama," Kang'ethe akasema, akainama kwa heshima kama mkwe.

Rahab akarudi kwenye benchi akitabasamu. Bado alikuwa anatabasamu hakimu aliposema kwamba kimila ndoa haikukamilika, kikanisa haikufungwa, kwa hiyo marehemu hakuacha mke, na pensheni iende kwa ndugu yake. Tabasamu likamgandia usoni. Maneno yaliyomnyima mwanawe haki yalikuwa yametoka kinywani mwake, na yote yalikuwa kweli.

Wangui, mtoto mgongoni, hakulia. "Mama, kumbe mimi nilikuwa nani kwa Gachanja?"

Rahab akamkazia mtoto kanga mgongoni, wakashika njia ya kurudi Bondeni.

Jumamosi ile Mathenge, mchumba wa binti yake mdogo Wanjugu, akabisha hodi, Biblia kwapani.

"Bwana asifiwe, mama. Mambo ya mbuzi tumeyaacha, kama ulivyotufundisha."

"Rudi ukamlete."

"Lakini mama, wokovu wetu..."

"Wokovu wangu niachie mimi. Leta mbuzi, leta na wazee wenu wote. Achinjwe hapa mlangoni majirani wakiona. Halafu mwende kwa mchungaji, na msitoke huko bila cheti."

Mbuzi akaletwa, akachinjwa. Nyama ilipoiva, Rahab alikula kipande cha kwanza mbele ya watu wote. Wangui ndiye aliyemshikia sahani, na hakuna kati yao aliyeweza kumtazama mwenzake.