Jina la Masika

Mto wetu una majina mawili. Kiangazi, unapobaki mchanga mtupu na maji yamejificha chini yake, unaitwa Uwanja. Mvua ikinyesha milimani na maji yakashuka, unaitwa jina jingine, ambalo nitalitaja wakati wake ukifika. Si kwamba naogopa. Nimesoma, nachora ramani ofisini, nina meza yangu na taa yangu. Lakini nimekulia pale, na kwetu jina la masika halitajwi kiangazi, kwa sababu kiangazi watu wote wamelima bustani ndani ya mto. Ukiuita utaitika, na nyanya za watu zitakwenda na maji. Basi.

Sasa ikaja kazi ya ramani mpya. Picha zilipigwa kutoka angani wakati wa kiangazi, zikaonyesha eneo jeupe, tambarare, jina lake Uwanja. Wakubwa wakafurahi kupita kiasi. Zahanati ikapangiwa hapohapo, katikati ya mto! Nikamwambia bosi wangu, mpima ardhi, kwamba pale ni mtoni. Alinisikiliza vizuri, maana ni mtu muungwana.

"Dada, wewe ni mtu wa kule," akasema, "lakini pia ni wa ofisi hii, neno lako peke yake halitoshi. Mwenyeji akinitajia jina la mto kwa kinywa chake, naandika, mto unachorwa, zahanati inahamishwa. Asiponitajia, ramani inachapishwa hivyo hivyo."

Tukaenda. Gari aliliegesha mtoni, kwenye kivuli cha ukingo, mahali ambapo mchanga ni mgumu.

Asubuhi nzima tulizunguka bure. Mwenye duka alisema, "Hapa ni Uwanja, bosi." Na masika je? "Masika bado." Fundi baiskeli akadai hajui, na kazaliwa palepale. Mama mmoja alicheka mpaka akakaa chini, kisha akanikata jicho, mimi niliyemleta mgeni kuuliza swali kama hilo na maboga yake bado machanga. Niliwakasirikia, kusema kweli. Watu wako radhi wagonjwa wasombwe na maji, kisa maboga!

Mwisho tukafika kwa shangazi, aliyenilea. Tulimkuta katikati ya mto akimwagilia bustani, maji akiyachota kwenye shimo alilochimba mchangani.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Mbona umekonda hivyo? Huko ofisini mnakula karatasi?"

Nikamweleza yote, ramani, zahanati na jina. Aliweka kata chini.

"Vitanda vyao wataviweka wapi?"

"Hapo uliposimama."

"Na wajawazito watajifungulia hapa?"

"Hapo hapo."

Akamgeukia mpima. "Baba, huwezi kungoja masika?"

"Siwezi, mama. Ramani inachapishwa wiki hii. Nisamehe."

"Haya. Nisubirini kidogo."

Nilidhani anakwenda kufikiri. Kumbe kachukua kapu, akaanza kuchuma. Alichuma nyanya zilizoiva, akachuma za kijani, akachuma hata zile zilizo ndogo kama gololi. Kisha akaingia kwenye vitunguu, akaving'oa vingali vyembamba.

"Shangazi, acha," nikamwambia. "Wewe sema tu. Hakuna kitakachotokea."

Aliendelea kung'oa. Bustani ile ndiyo ingemlisha mpaka mvua zije, na mimi ndiye niliyempelekea balaa lile. Nikavua viatu, nikaingia kwenye tuta la pili.

Mwenye duka alituona kutoka ukingoni. Alifunga duka, akateremka na gunia mpaka kwenye bustani yake. Yule mama wa maboga naye akaja, ananung'unika njia nzima, akaanza kukata maboga yake machanga moja moja. Fundi baiskeli akawaita watoto wake. Jua lilipoanza kupinda, mto mzima ulikuwa mchanga mtupu, na watu wote wako juu ukingoni na mazao yao mabichi.

Shangazi alipanda wa mwisho. Akajifuta mikono kwenye gauni, akasimama mbele ya mpima, akasema kwa sauti iliyomfikia kila mtu:

"Anaitwa Mwenyewe."

Mpima aliandika, akamwonyesha shangazi alichoandika, shangazi akatikisa kichwa kukubali. Jua lilikuwa kali na mbinguni hapakuwa na wingu hata la dawa. Mpima akatazama kule milimani. Akatazama makapu ya nyanya za kijani. Kisha akachomeka kalamu mfukoni, akateremka haraka haraka mpaka kwenye gari lake, akaliwasha, akalipandisha ukingoni.

Hakuna aliyemcheka. Shangazi alisogeza kapu lake, apate pa kuegesha.