Maiti Asiyeshuka Jenezani

Mkurugenzi alipopaza sauti "Kata!", Vaithilingam hakuinuka. Alibaki chali juu ya jeneza la mianzi, pamba puani, taya limefungwa kitambaa, akingoja haki yake.

Kwa miaka thelathini na nne alikuwa amekufa mara sitini na mbili katika studio za filamu za Chennai: baba wa shujaa, mjomba wa shujaa, karani mwaminifu. Na kila alipokufa, kamera iliachwa ikizunguka ili ainuke acheke mbele yake, kifo kisije kikamzoea. Hata zama zile mkanda wa filamu ukinunuliwa kwa futi, hakuna bahili aliyemnyima kicheko chake. Leo kamera hizi za kidijitali hazili mkanda wowote, na kijana huyu mkurugenzi anamnyima! Uchoyo wa namna gani huu?

"Mzee, shuka, tunahamisha vyombo," alisema Nirmal, mkurugenzi mwenyewe, macho kwenye simu.

Vaithilingam akakishusha kitambaa cha taya. "Sijacheka."

"Aa, Mzee! Hizo imani za kizamani. Muda hatuna."

Damu ikamchemka. "Za kizamani? Na ile nazi uliyoipasua asubuhi mbele ya kamera, ukaifukizia ubani, ilikuwa kifungua kinywa? Filamu yako iombewe heri, mimi nikafe zangu?"

Mafundi taa wakaangua kicheko. "Hapo kakupata, bosi!" mmoja akachombeza.

Nirmal aliona haya, na haya ikageuka ukali. "Haya, Selvaraj, washa kamera. Cheka upesi, Mzee, tuendelee."

Vaithilingam akaketi, akang'oa pamba. Selvaraj, mpigapicha aliyezeeka naye pamoja, akamwelekezea kamera usoni. Kicheko hakikuja. Hasira ilikuwa imekizuia.

"Jina langu nani?" akauliza.

"Mzee, tafadhali..."

"Nimelala maiti kwenye filamu yako tangu asubuhi. Jina langu nani?"

Nirmal akafungua karatasi ya ratiba, akapitisha kidole toka juu hadi chini, akaanza upya. Vaithilingam akampokonya. Shujaa ameandikwa kwa jina na sifa zake. Dereva wa shujaa ana jina. Kwenye mstari wake pameandikwa: Maiti, mmoja.

Ndipo kicheko kikamtoka, kikubwa, kichungu, kikamtingisha mpaka machozi. Hakuna mwingine aliyecheka.

Selvaraj alingoja kiishe chote, kisha akazima kamera.

"Nimekinasa," akasema. "Sasa shuka, kaka Vaithilingam."